Mapigo Yaliyokuja Bila Mwenyewe

Ndoto hii haikungoja usiku. Ilimjia Dakta Nakijwa Mbaga Jumapili moja, mchana kweupe, akiwa kwenye kochi la sebuleni kwake na viatu bado miguuni. Alikuwa amejiambia kwamba anafumba macho kidogo tu, kisha ainuke apike. Hakuinuka.

Dakta Nakijwa ni daktari wa familia katika kituo kidogo cha afya chini ya milima ya Upare. Yeye si bingwa wa moyo wala wa figo. Yeye ni wa watu wa nyumba. Anamtibu bibi, anamtibu mkwe, anamtibu mjukuu, na anajua nani hasemi na nani, maana ugomvi nao hupandisha presha. Zamani alikuwa akipanda mlimani kwa miguu kuwatazama wazee wasioweza kushuka. Alirudi magoti yakimuuma na mkoba umejaa maparachichi aliyopewa kwa lazima.

Mwaka huu mambo yamekuwa mengine. Wazee wenye presha na kisukari wamevishwa bangili za plastiki ambazo hupima mwili na kutuma vipimo hadi kwenye kompyuta ya kituo. Kijani ni salama, nyekundu ni hatari. Mwenye shida anaongea na daktari kwa simu, wakitazamana kwenye kioo. Juu ya meza yake wamemwekea kijisanduku kinachosikiliza maongezi na kuyaandika chenyewe, ili yeye asihangaike na kalamu. Hakuna aliyelalamika. Foleni imekwisha, sukari za watu wengi zimeshuka, na magoti ya daktari yamepona. Mlimani hajapanda tangu masika.

Basi akalala, na ndotoni akafika kituoni. Mlango ukamuuliza anaumwa nini.

"Siumwi. Nafanya kazi hapa."

"Wote husema hivyo," mlango ulisema, kisha ukajifungua.

Ukumbi wa kusubiri ulikuwa umejaa pomoni na hapakuwa na mtu hata mmoja. Waliokaa kwenye mabenchi ni vipimo. Hakuna aliyemwambia kuwa ni vipimo. Alijua tu, kama mtu anavyojua mambo ndotoni. Presha ya mzee Senzota ilikuwa pembeni, ndefu na nyembamba, imekunja miguu isije ikamkwaza mpita njia. Sukari ya mama muuza vitenge ilikuwa imenata kwenye kiti, na nzi wakiizunguka kwa heshima. Homa ya mtoto mchanga ilikuwa ikilia kwa sauti ndogo, na hapakuwa na wa kuibembeleza.

"Shikamoo, daktari," ilisema Presha.

Nakijwa hakujua kama presha ya mzee nayo ni mzee. Akaitikia hivyo hivyo. "Marahaba. Wenyewe wako wapi?"

"Nyumbani. Siku hizi si lazima waje. Tunakuja sisi."

"Na wakiwa na la kusema?"

Vipimo vilitazamana. "La kusema hatukupewa," ilijibu Presha.

Kwenye mapokezi ulikaa mzani wa sakafuni, ule wa kupimia uzito, umevaa miwani. Nakijwa aliufahamu vizuri. Kila asubuhi aliufuta vumbi.

"Panda," ulisema mzani.

Akapanda. Mshale haukutikisika.

"Hukuja," ulisema mzani.

"Nimekuja. Niko hapa nimesimama."

"Zimekuja sehemu zako za kazi. Nyingine zimebaki kwenye kochi. Jitazame."

Ukutani, juu ya beseni la kunawia, kuna kioo. Nakijwa anakisogelea. Ndani ya kioo anaiona mikono yake ikining'inia hewani kama nguo kwenye kamba, na juu kidogo anayaona masikio yake mawili. Hapo katikati, panapotakiwa kuwa na mtu, anauona ukuta na rangi yake ya kijani, na bango la kunyonyesha.

Hakuogopa. Jambo hilo ndilo lililomtisha baadaye, alipolikumbuka.

"Nani aliruhusu hili?" aliuliza.

"Ni utaratibu," ulisema mzani. "Mgonjwa akiweza kubaki nyumbani na akahesabiwa amekuja, daktari naye anaweza. Tuliona si haki wafaidi wao peke yao."

Mezani, kile kijisanduku kikasema kwa sauti yake isiyo ya kiume wala ya kike: "Daktari amenyamaza. Nukta."

Basi akaanza kazi, maana kazi haingoji mwili. Kikaitwa kipimo cha kwanza, nacho kikaingia: Mapigo ya Moyo ya Bibi Elinuru.

Bibi Elinuru anaishi juu kabisa, karibu na msitu, na mkwewe Wemaeli. Mume wa Wemaeli, ambaye ni mtoto wa bibi, anafanya kazi ya ujenzi mbali na huja mara chache. Presha ya bibi ilikuwa ya kusumbua kwa miaka mingi. Lakini tangu avishwe bangili, kila siku kompyuta ilionyesha kijani, na Nakijwa alikuwa akimtaja kwenye vikao kama mfano wa mafanikio.

Mapigo yenyewe yalikuwa madogo, ya duara, yakidundadunda kwenye kiti bila kutulia, kama kifaranga ndani ya kikapu.

"Bibi hajambo?" aliuliza Nakijwa.

"Sijui," yalisema Mapigo.

"Hujui vipi? Si wewe mapigo yake?"

"Nimeandikwa hivyo."

Nakijwa akaweka vidole vitatu juu yake, kama alivyofundishwa. Mpigo ulikuwa mzuri, wa mtu kijana anayepanda mlima na kuni kichwani bila kuhema. Chini ya mpigo huo palikuwa na mwingine, mwembamba na wa haraka mno, kama mtu anayegonga mlango kwa kucha.

"Mko wangapi?" aliuliza.

"Tuko wawili, daktari," yalisema Mapigo, kwa haya kidogo. "Mmoja bado hajatambulishwa."

"Mapigo yana mashaka," kiliandika kijisanduku. "Rangi ni kijani. Nukta."

Nakijwa akaondoa vidole. Alihisi baridi, ingawa ngozi yake ilikuwa nyumbani. "Nataka kwenda kumwona bibi mwenyewe," alisema.

Mzani ukavua miwani, ukaifuta, ukaivaa tena. "Kama nani?"

"Kama daktari wa familia."

"Wa familia ipi? Hapo ndipo mnapotuchanganya. Daktari wa familia sharti awe na nafasi kwenye familia. Sheria ni hiyo, na sisi tunaisoma kama ilivyoandikwa. Mwana, mkwe, shangazi, chochote. Ngoja nitazame kama pale pana nafasi." Mshale wake ukazunguka taratibu, ukasimama. "Ipo moja iliyo wazi. Nietiwe."

"Nietiwe ni nani?"

"Binti yake wa kwanza. Alifariki kabla hajajua kutembea. Nafasi yake haijakaliwa na mtu."

Nakijwa alimtibu Bibi Elinuru miaka yote hiyo na hakuwahi kusikia habari ya binti. Alitaka kusema kwamba haiwezekani, kwamba mtu hawezi kwenda kukaa mahali pa marehemu kwa sababu tu pako wazi. Lakini mzani ulikuwa umeshagonga muhuri hewani, na vipimo vyote kwenye ukumbi vikasimama kwa pamoja, kama watu wanavyosimama jeneza likipita.

"Pita kabati la dawa," ulisema mzani. "Ndiyo njia fupi."

Anafungua kabati. Nyuma ya chupa za dawa ya kikohozi kuna moshi, na nyuma ya moshi kuna jiko la Bibi Elinuru. Mafiga matatu, chungu, kigoda, mlango wa mbao uliofunguka nusu, ukungu nje. Bibi ameketi kwenye kigoda na kanga mabegani. Anakoroga.

"Shikamoo, bibi," anasema Nakijwa.

"Marahaba." Bibi hakushtuka kuiona mikono na masikio tu. Alimtazama juu hadi chini, hata pale pasipokuwa na kitu. "Umekua."

"Ndiyo, mama," alisema Nakijwa, na hakujua neno hilo limetoka wapi, maana hakuwa na mdomo.

"Huko wanakulisha?"

"Wanajitahidi."

"Hawakulishi. Kaa."

Kijisanduku kilikuwa kimemfuata, kikatua karibu na jiko. "Mgonjwa anaonekana mchangamfu," kilianza. "Ziara ya..."

Bibi alichukua sufuria tupu akakifunika nayo. "Mgeni gani huyu, hajaonja kitu na tayari anasimulia." Chini ya sufuria ikasikika nukta moja, halafu kimya.

Akapakua makande. Mahindi na maharage, yameiva mpaka yanang'aa, na harufu ya majani ya kitunguu. Akamsogezea sahani. Nakijwa akashika kijiko, akasita.

"Mama, mdomo sikuja nao."

"Uko wapi?"

"Nyumbani, kwenye kochi."

"Basi utakula wenyewe hukohuko. Wewe tia kijiko." Nakijwa alitia kijiko na kukiinua hewani, na kila alipokiinua kilirudi kitupu, naye akahisi shibe ya mbali, kama mtu anayesikia ngoma ya kijiji cha pili.

Hapo ndipo alipoiona mikono ya bibi. Hapakuwa na bangili.

"Bangili iko wapi, mama?"

"Nimempa mke wa kaka yako."

"Kwa nini?"

"Yule msichana ana mimba. Mwenyewe anadhani ni siri. Asubuhi anatapika nyuma ya zizi na kuniambia ni moshi wa kuni. Nikajiuliza, daktari ana jicho moja tu alilolileta huku mlimani, kwa nini linitazame mimi niliyekwisha kuonwa vya kutosha? Limtazame yeye. Wewe nilikubeba hapa hapa mgongoni hadi ukanitoka, na hapakuwa na jicho la mtu la kukutazama. Nikamdanganya kwamba bangili inanichoma, nikamvisha."

"Na wewe? Unajisikiaje?"

"Daktari akinipigia namwambia sijambo. Amevaa koti jeupe, nyuma yake naona watu wanapita, nimwambie nini?" Kijiko kilimponyoka kikaanguka kwenye majivu. Aliutazama mkono wake wa kulia kama mtu anayemtazama jirani aliyepita bila salamu. "Wewe ni mwanangu, wewe nakuambia. Kichwa kinaniuma tangu juzi, hapa kisogoni. Na mkono huu umeanza kunisahau."

Nakijwa akaweka kijiko chini. Akaushika mkono wa bibi, akatia vidole. Mpigo ulikuwa mzito na mgumu, kama mtu aliyefungiwa ndani anayeusukuma mlango kwa bega.

"Mama, nani yuko nje?" aliuliza, maana masikio yake yalikuwa yamesikia pumzi.

"Sijui. Amesimama hapo siku nyingi. Nikimkaribisha hasemi."

Nakijwa anageuka. Nyuma ya ule mlango wa mbao, ndani ya ukungu, kuna kitu kimesimama. Kinapita urefu wa nyumba. Kimeinama ili kichwa kisiguse paa, na shingo imejikunja vibaya kwa kuinama muda mrefu. Ni Presha ya Bibi Elinuru, ile ya kweli.

"Mbona hukuja kituoni?" alisema Nakijwa.

"Sikuitwa, daktari." Sauti yake ilikuwa ya upole kabisa. "Mimi huja kwa kuitwa. Ilikuwa inaitwa nyingine kwa jina langu, na nyingine ilikuwa inaitika. Nikasema ningoje hapa hapa. Lakini kusimama kunachosha. Leo nitakaa."

"Utakaa wapi?"

Ikanyoosha kidole kirefu kupitia uwazi wa mlango, kikapita juu ya jiko, juu ya chungu, kikatua taratibu kwenye kisogo cha bibi. Bibi alifumba macho kidogo, kama mtu aliyeguswa na nzi.

"Subiri," alisema Nakijwa.

"Nimesubiri. Lakini mgeni hafukuzwi mezani. Ukimaliza kula, nitakaa."

Sahani ilikuwa nusu. Nakijwa alitaka kumbeba bibi mgongoni ashuke naye mlima mzima. Akainuka, na hakuna kilichoinuka. Akatazama chini: palikuwa na sakafu ya udongo na hapakuwa na miguu.

"Mama, miguu yangu!"

"Si umesema iko kwenye kochi?" alisema bibi, macho bado yamefumbwa. "Ifuate. Nami nitakufunikia chakula, nusu hiyo isiishe."

Presha nyuma ya mlango ikacheka kidogo, bila ubaya. "Mama huyu ana akili," ilisema.

Nakijwa akazinduka.

Jua lilikuwa bado liko juu, na feni ilikuwa ikizunguka. Alikaa akijipapasa: tumbo lipo, magoti yapo, viatu vipo. Akataka kumshukuru Mungu na kwenda kupika. Hapo ulimi wake ukagusa kitu katikati ya meno, nyuma, upande wa kushoto. Akakivuta kwa kucha. Kilikuwa ganda la hindi, laini, limeiva, lenye harufu ya majani ya kitunguu. Na tangu asubuhi alikuwa amekunywa chai tu.

Aliliweka kwenye kiganja akalitazama. Kisha akachukua simu akampigia Wemaeli.

"Daktari! Leo Jumapili, kwema?"

"Wemaeli, bangili ya mama iko mkononi mwa nani?"

Kuku walisikika. "Mkononi mwangu, daktari. Naomba unisamehe. Mama alinivisha mwenyewe, akasema inamchoma, na nisiulize maswali. Nikaona ni kitu cha kupendeza tu, sikujua kama..."

"Sikugombezi. Yuko wapi?"

"Jikoni. Ameng'ang'ania apakue mwenyewe, na leo vyombo vinamponyoka tu. Kichwa kinamuuma, lakini amenikataza nisikupigie."

"Nenda ukamlaze sasa hivi. Usimpe kitu cha kula wala cha kunywa, wala usimwache asimame. Naita gari la wagonjwa, na mimi mwenyewe nakuja. Na wewe usibebe kitu kizito, ita majirani."

"Mimi? Kwani mimi nina nini?"

"Una mimba, Wemaeli."

Sauti ya Wemaeli ilishuka hadi kuwa mnong'ono. "Nani amekuambia? Hata mume wangu hajui."

Nakijwa alisema tu, "Kimbia kwa mama," akatafuta funguo za gari.

Nitangulie kusema kwamba Bibi Elinuru hakufa, msomaji asije akakaa na roho mkononi. Alifika hospitali mapema. Waliompokea walisema mshipa wa kichwani ulikuwa umeanza kuziba, na kwamba angekawia hadi jioni wangezungumza mengine. Mkono wa kulia bado ni mzito, ila umeanza kumkumbuka. Juzi alishika kikombe. Bangili imerudi kwake, na Wemaeli naye sasa ana kadi yake ya kliniki. Kituoni hawajaitupa kompyuta, kwani imewasaidia wengi na itaendelea kuwasaidia. Kilichoongezeka ni kwamba muuguzi hupanda kila wiki nyumba za juu, na Dakta Nakijwa amemwagiza akifika asianze kupima. Aketi kwanza jikoni, na akikaribishwa chakula ale.

Alipoulizwa kwenye kikao wazo hilo amelipata wapi, alisema kwa mgonjwa.

Lakini turudi kwenye Jumapili ile. Gari lake dogo, ambalo halipendi mlima, lilimfikisha juu likitoa moshi. Gari la wagonjwa lilikuwa bado linakuja. Ukungu ulikuwa umeshuka mpaka kwenye migomba. Wemaeli alimpokea uani, bangili bado mkononi, akamwongoza ndani. Kabla ya kuvuka kizingiti Nakijwa alisita, akatazama nyuma ya ule mlango wa mbao. Hapakuwa na kitu. Nyasi tu ndizo zilizokuwa zimelala, mahali papana, kama pamesimamiwa kwa muda mrefu.

Bibi alikuwa amelazwa kwenye mkeka karibu na jiko, kichwa juu ya mto, mdomo umepinda upande kidogo. Macho yalikuwa maangavu.

Nakijwa alipiga magoti, akaushika ule mkono mzito. "Shikamoo, bibi," alisema.

Bibi alimtazama juu hadi chini, polepole, kama anayehakikisha kwamba safari hii vyote vimekuja.

"Marahaba," alisema kwa taabu. "Lakini si tumeshasalimiana leo?"